Niliposema Wazime Kamera

Alhamdulillahi, sifa zote ni za Mola aliyenipa uzee na bado akaniachia ulimi, ingawa ulimi huohuo ndio ulioniaibisha katika hoteli moja ya mtaa wa Kiyovu, mbele ya watu waliovaa suti.

Binti mmoja mtengeneza filamu, Clarisse, aliyekulia Uganda, alikuwa akitutafuta sisi tuliosalia wa kile kituo cha yatima tulikolelewa kwa fimbo. Nikampeleka Kabuga kwa Zaina. Kaka yake Zaina, Juma, pale kituoni alilala kitanda cha pili kutoka changu. Msimamizi alimfungia stoo kwa sababu ya mkate, baridi ikamwingia kifuani, akafa, na Zaina akaambiwa kaka yake ametoroka. Shahidi nimebaki mimi tu.

Siku ya kurekodi Clarisse akaniuliza habari za msimamizi. Mimi nimefundishwa chuo cha Kurani tangu utoto kwamba maiti asitajwe kwa ubaya, basi nikaanza kwa kumwombea: Mungu amrehemu, alitulisha, alitufundisha kusoma. Kisha nikasema, "Binti yangu, zima kwanza hiyo kamera." Akazima, nikamweleza habari yote ya Juma mpaka tukalia wote wawili (na nilirudi nyumbani nikijiona mtu wa adabu kwelikweli).

Filamu ikaonyeshwa katika hoteli ile ya Kiyovu. Nimevaa kanzu mpya, Zaina kaketi kando yangu kashika mkoba kwa mikono miwili, mara uso wangu ukatokea, mkubwa kama mlango: alitulisha, alitufundisha kusoma. Halafu muziki. Basi! Ukumbi ukapiga makofi, eti mzee amesamehe. Nikainuka kupinga, wakadhani nawapungia, makofi yakazidi, nikapewa maiki, nami kwa mazoea nikaanza na salamu ndefu na shukrani kwa waandaaji (waandaaji, jamani!), mpaka Zaina akasimama.

"Kaka Yusufu, Juma iko wapi kwa hii filamu?"

"Nilisema, dada yangu, wallahi nilisema, ila kamera ilikuwa imezimwa."

Ukumbi mzima ukacheka. Walidhani natania.

Zaina hakucheka. "Watu wakiniambia Juma alitoroka, nilikuwa nawajibu, Yusufu iko, yeye atasema. Haya. Leo umesema."

Akatoka.

Clarisse alikuja kwangu kesho yake. "Muzehe, pole. Uliniambia nizime, nikajua ni siri yako. Sasa filamu imeshatumwa nje." Hana kosa. Zaina nikimpigia simu anapokea, anawaulizia wajukuu mmoja mmoja, na nikifika tu kwenye jina la Juma, anasema chungu kinaungua, anakata.

Sitamwombea tena mtesaji mbele ya watu kabla sijamtaja aliyeteswa. Adabu yangu ilimzika Juma mara ya pili, na safari hii kwa makofi. Wewe unayesoma, Mwenyezi Mungu akujaalie kusema ukweli wako palipo na masikio, na walio wako waishi kuusikia. Amina.