Nta Mdomoni mwa Katushi

Mume wangu aliniruhusu kugusa kila kitu chake, hata simu, isipokuwa kifuko cha turubai kilichoning'inia nyuma ya mlango wa chumba. Humo aliweka katushi, risasi za bunduki yake ya kalibre duzi, yaani kumi na mbili. Alipostaafu kiwandani alianza kuokota maganda yaliyokwisha kutumika na kuyajaza mwenyewe, maana katushi mpya hapa Likasi hazipatikani kirahisi. Maganda yote yalikuwa mekundu. Kilichoyatofautisha ni nta aliyozibia mdomo. Nta nyeupe ya mshumaa ilikuwa ya vichembe vidogo, vya kanga na kwale. Nta aliyochanganya na siraji nyekundu ya kung'arishia sakafu ilikuwa ya shevrotini, punje chache kubwa, za swala. Nta yenye masizi ilikuwa ya bali, donge moja zito la kumwangusha ngulube, nguruwe wa porini wanaomaliza mahindi yetu.

Mara ngapi alinieleza, kidole juu! Kanga ukimpiga kwa bali utamkosa, halafu donge litaenda mbali na kumpata mtu ambaye hukumwona. Ngulube ukimpiga kwa vichembe, umemkasirisha tu, na hapo mmebaki wewe na meno yake.

Mimi ni mtu wa kuingiza mkono kila mahali, nakubali. Ijumaa moja mvua ilipita kwenye bati bovu ikalowesha kile kifuko. Jumamosi asubuhi yeye alikwenda kwenye sala ya jumuiya, nami nikaona nimsaidie. Nilitandaza katushi zake nane juu ya kipande cha bati, uani, zipate jua. Nikaenda kufua. Niliporudi, nta ilikuwa imeyeyuka yote, na katushi zilikuwa zimebingirika hadi ukingoni, zimechanganyika, hakuna alama ya kuzitofautisha.

Chini ya nta kulikuwa na kipande cha karatasi ngumu, huwezi kuona kilichomo. Nilizipima mkononi, moja moja, na zote zilionekana kuwa na uzito uleule. Mtu mwenye akili angengoja aseme ukweli. Mimi niliwasha mshumaa, nikachukua siraji na masizi, nikaziziba upya kwa kubahatisha. Kazi ilitoka safi, hata nikajisifu. Nilijiambia kwamba siku hiyo hatawinda, nitamweleza kesho akiwa ametulia.

Mume wangu aliporudi, hata hajavua viatu, simu yake ikalia. Aliyepiga alikuwa mjane mwenye shamba jirani na letu, nje ya mji, njia ya Mulungwishi. Sauti yake nikaisikia hadi nilipokaa.

"Kuya mbio, papa! Ngulube iko mu mahindi yenu!"

Alichukua bunduki na kifuko, akapanda pikipiki ya kwanza iliyopita. Sikumwambia, nilimwogopa. Vumbi lilipotulia barabarani ndipo nikaanza kumwogopea.

Nilimpigia. Kule shambani rezo, mtandao wa simu, haishiki. Nikasimamisha pikipiki nyingine nikiwa nimejifunga kanga ya kufulia, bila viatu vya maana. Njia nzima nilimwona ngulube akigeuka, na mume wangu amesimama na katushi ya ndege mkononi, akiamini ile nta nyeusi niliyoipaka mimi. Nilimwomba Mungu kwa sauti kubwa, hadi dereva akaniuliza kama kuna msiba. Nikamwambia sijui bado.

Niliteremka kwenye kijia. Mlio wa bunduki ukapasuka, mmoja tu. Halafu mwanamke akapiga yowe.

Nilikimbia huku nikilia. Mume wangu alikuwa mzima, amepiga magoti mbele ya kibanda cha yule mjane. Ngulube walikuwa wamekwisha kuondoka. Yeye alikuwa ameona kanga wakichokora karanga, akatia katushi ya nta nyeupe, akapiga, akijua vichembe havifiki kibandani. Ndani yake mlikuwa na bali. Ilipita juu ya ndege, ikatoboa ukuta wa udongo, juu kidogo ya kichwa cha yule mama aliyekaa ndani akimenya karanga. Alitoka ameshika kichwa kwa mikono miwili. Hakuwa na hata mkwaruzo. Nilimkumbatia.

Mume wangu alipasua katushi zilizobaki kwa kisu. Katika ile ya masizi zilimwagika punje za ndege.

"Mama," aliniambia, "ni miye. Nilichanganya wakati wa kujaza. Macho yangu ilishakwisha. Kidogo tu niue muntu."

"Papa..." nilisema.

"Hapana. Usinitetee."

Nami nikaacha aamini hivyo. Mjane alikuwa ananitazama, mume wangu alikuwa analia, na niliogopa wote wawili. Wiki ileile aliipeleka bunduki kwa kaka yake. Hajawinda tena.

Sasa hajiamini kwa kitu chochote. Dawa zake za presha, za asubuhi na za jioni, ananipa mimi nizitenganishe. Ananyoosha kiganja bila kuangalia ninachoweka.

"Weye uko na macho muzuri," anasema, na anameza.