Sauti ya Marie-Claire kwenye Disketi

Jeancy anaishi mtaa wa Point, karibu na bandari, chumba kimoja, kitanda na vinanda vinne vya zamani. Ni vile vya kunakili sauti: unakiimbia noti moja, chenyewe kinaitandaza kwenye vitufe vyote. Sauti hukaa kwenye disketi, na hewa ya bahari inazila disketi kwa kuvu. Kazi ya Jeancy ni kuzitoa sauti humo kabla hazijapotea. Mimi humletea disketi, na wateja.

Jumanne mchana nilimpeleka Ghislaine, msusi wa mjini. Alikuwa na disketi moja yenye "aaa" ya dada yake mkubwa, Marie-Claire, aliyeimba kwaya kwao Uvira na kufa akiwa na miaka ishirini na sita.

"Iko nzima?"

Jeancy akaiinua dirishani. "Imeota kuvu, mama. Itasomwa mara moja tu. Mashine ikipita, inaikwangua."

"Na ikikataa?"

"Basi, imekataa."

"Eish! Daktari gani wewe?"

Akaifuta kwa pamba na spiriti, akiizungusha taratibu kwa kidole. Akaichomeka. Kinanda kikakoroma, kikanyamaza, kikakoroma tena. Kucha za Ghislaine zilikuwa zimenizama mkononi. Disketi ikatoka na michirizi myeupe, imekufa, lakini sauti ilikuwa imeshaingia kwenye kinanda.

"Bonyeza katikati," Jeancy akasema.

Kwanza mtu alivuta pumzi. Niliisikia shingoni, nikageuka. Kisha Marie-Claire akaimba.

Ghislaine akapanda vitufe kuelekea kulia. Kila kitufe kilimpunguzia dada yake umri: msichana, halafu mtoto. Akacheka. "Hapa ndipo alikuwa ananichapa nikiiba sukari!"

"Kushoto usishuke, mama."

"Kwa nini?"

"Watu hawapendi."

Akashuka. Sauti ikawa nzito, pumzi ikarefuka kama ya mtu anayepanda ngazi. Chini kabisa aliimba bibi kizee. Marie-Claire hakufika umri huo.

Ghislaine akainamia spika. "Yaya, dada yangu, umezeeka. Na mimi mgongo unauma."

Nilikuwa na mteja mtaa wa Westville anayetaka sauti za kike. Nikamnong'oneza Jeancy kuhusu nakala.

"Katikati uza," Ghislaine akasema bila kuinua kichwa. "Na juu. Huku chini mutoe. Huyu ni wangu."

Nilijaribu kumbembeleza, mteja anataka sauti ya vitufe vyote. Akakibonyeza tena kitufe cha mwisho kushoto. Jeancy akaikata nakala pale alipotaka Ghislaine, nami nikaichukua hivyo hivyo.

Nikiwa kwenye ngazi, Ghislaine bado alikuwa amekishikilia kitufe cha mwisho. Bibi yule aliendelea kuimba, bila kuvuta pumzi tena.