Wimbo wa Nguo Nyeusi na Miguu Yangu

Kule kwetu Ukambani shule ilikuwa na ngoma moja tu, na hiyo ngoma ilikuwa debe la mafuta. Mwalimu analigonga kwa kijiti, sisi tunaingia darasani kushoto kulia, kushoto kulia. Miguu yangu ilikuwa na safari zake. Wenzangu wakienda kushoto mimi nawakanyaga. Mwalimu akachoka, akaniambia, "Wewe toka hapo, kaa na baiskeli yangu." Nikakaa na baiskeli. Ilikuwa ya kijani, nzuri, na kengele yake niliifuta kwa mkono wa shati mpaka nikaona meno yangu ndani. Masomo yangu karibu yote yaliishia hapo kando ya baiskeli, na kusema kweli sikuona hasara.

Lakini nilitaka kusimulia harusi. Ngoja, nafika.

Nilikuja Nairobi nikapata kazi ya kuchonga vifaru na twiga hapa Baba Dogo, katika banda ambalo nimo mpaka leo. Nikaoa. Tukiingia kanisani nilikanyaga gauni la mke wangu likapasuka nyuma, naye akacheka mpaka kasisi ikabidi angoje. Alikuwa mtu wa kucheka, Mungu amlaze pema. Tangu siku hiyo, watu wakiinuka kucheza, mimi naenda kuangalia kama chapati zimebaki.

Tulipata binti mmoja. Siku hizi ni karani Industrial Area, na anapenda muziki wa roki. Nguo nyeusi, kucha nyeusi, viatu kama vya askari. Jirani mmoja aliniuliza kama amefiwa. Nikamwambia, "Hajafiwa, amefurahi." Na ni kweli.

Basi akapata mchumba wa mtaa wa Lucky Summer. Na harusi za sasa si kutembea tu. Wasimamizi wanafanya mazoezi ya hatua Jumapili baada ya Jumapili, ili siku yenyewe waingie ukumbini wakicheza. Baba naye anamwingiza bibi harusi, wanacheza pamoja mpaka mbele. Nikamwambia, "Chukua mjomba wako. Yule anajua kucheza."

Akaweka kikombe chini. "Baba, kama si wewe, naingia peke yangu. Mama hayupo, na wewe unataka kuniacha mlangoni?"

Nikamwambia, "Haya, nitajaribu."

Jumamosi moja akaja bandani, akaweka simu juu ya gogo, akafungulia wimbo. Alisema ni wa bendi ya Waingereza, nao wanavaa nyeusi kama yeye, na kwamba zamani ulivuma sana huko kwao. Mwimbaji ana sauti nzito kama mtu anayeongea ndani ya pipa. Halafu kuna kwaya kubwa, na ngoma ambayo haipigwi na mtu, ni mashine, haichoki wala haibadiliki. Mimi nikaendelea kuchonga kifaru changu kwa tezo. Baada ya muda nikaona binti anatazama mikono yangu.

"Baba, unasikia tezo yako?"

Nikasikia. Tezo ilikuwa inaangukia kwenye mti pale pale ngoma inapoanguka.

"Sasa simama. Usicheze. Chonga na miguu."

Nikasimama, nikachonga na miguu. Wachongaji wenzangu wakaacha kazi, wakawa wanagonga magogo na kupiga kelele, "Kata, mzee! Kata! Huyo kifaru atatoroka!"

Siku ikafika. Binti amevaa gauni jeupe, na chini yake vile viatu vya askari. Tuko mlangoni, ukumbi umejaa. Deejay tuliyemkodi akausikiliza wimbo kidogo, akauzima. "Mzee, hii ni ya mashetani. Wacha nikuwekee gospo, wimbo wa Mungu." Binti akanibana mkono. Nikajua kabisa, ikiwekwa nyingine nimerudi kwenye baiskeli.

Dadangu ni mwimbaji wa kwaya ya kanisa. Alimwendea deejay akijifunga leso kiunoni. "Umesikia hao wanaitikia? Mashetani hawafanyi mazoezi hivyo. Weka."

"Lakini shosh..."

"Shosh ni nyanyako. Weka!"

Akaweka. Nikachonga. Mguu huu nakata sikio, mguu ule nakata pembe, naenda polepole na kifaru changu kisichoonekana, na binti yangu pembeni anacheka vile vile mama yake alivyocheka. Gauni sikulikanyaga. Ile kwaya ya Waingereza ilipopanda, kina mama wa kanisa wakaingilia na maneno yao wenyewe, haleluya na vigelegele, na wazee wa upande wa bwana harusi wakaacha viti. Tulifika mbele wimbo ukiwa bado unakwenda. Ni mrefu! Deejay akanyoosha mkono kuubadilisha.

"Gusa hiyo kitu uone!" dadangu akamwambia.

Ulipoisha ukumbi wote ukasema, "Rudia!" Akarudia. Ukaisha, wakasema, "Rudia!" Mara hiyo nilikuwa nacheza na mama mkwe wa binti yangu, mimi ninayekimbiliaga chapati, nikamwona deejay anachukua jaketi lake.

"Unaenda wapi, kijana?"

"Nakuja, mzee. Naenda kununua soda."

Soda zilikuwa zimejaa kila meza. Akapita getini polepole, akakata kona, na mpaka leo hajarudi, hata kuchukua spika zake.