Stoo ya Mahindi Tuliyoifanya Nyumba

Mwenye ploti alikuja Jumapili, tukitoka kanisani. Alitusalimia kila mmoja kwa upole, kisha akasema mwisho wa mwezi tuhame wote. Vyumba vyetu angevipaka rangi, aviwekee vitanda vikubwa, apangishe wageni wa wikendi wanaokuja Kericho kupiga picha kwenye mashamba ya majani chai.

Sikumlaumu sana. Mimi mwenyewe nilikuwa nikifua mashuka ya wageni hao hao katika hoteli moja nje ya mji. Niliwajua, watu wazuri tu. Ila nilipoanza kutafuta nyumba nyingine, kila lango nililobisha niliambiwa yale yale: hapa sasa ni pa wageni, au kodi imepanda kwa sababu ya wageni.

Mume wangu alisema turudi kwao Kisii. Tuliondoka huko bado vijana, na watoto wetu walizaliwa hapa.

"Nenda ukawasalimie," nikamwambia. "Ukirudi utanikuta hapa."

Hakwenda.

Siku yangu ya mapumziko nilishuka Sosiot, nikawa naulizia boma kwa boma. Karibu na soko nikaelekezwa kwa ajuza mmoja aliyekuwa akiishi peke yake na ng'ombe wake. Huku wote walimwita kogo, yaani nyanya. Nilimwamkia kwa Kikipsigis changu kibovu, "Chamgei," akacheka, akanipa kiti. Nyuma ya nyumba yake palikuwa na stoo ya mbao, tupu tangu wanawe walipoacha kulima mahindi.

"Hiyo si nyumba, mama," akasema. "Panya wenyewe walihama."

Nilimwomba aniachie niitengeneze, nami ningemkamulia ng'ombe asubuhi, maana vidole vyake vilikuwa vimekakamaa. Akataka kujua kama najua kukamua kweli. Nikaomba ndoo. Alisimama akiniangalia mpaka nilipomaliza.

Tuliziba nyufa, tukasiriba kuta kwa udongo na kinyesi cha ng'ombe, mume wangu akabadilisha mabati yaliyooza. Usiku wa kwanza mvua ilinyesha, ikavuja pembeni mwa kitanda. Mume wangu akakisogeza kitanda. Asubuhi nilikamua, nikaenda kazini. Jioni tukapanda juu wote wawili kuziba.

Miezi ilipita. Siku moja akaja bwana mmoja wa mjini na gari safi. Alisimama mlangoni pangu akitazama chini bondeni, kisha akamwambia kogo kwamba hapa pangefaa sana vyumba vya wageni, na stoo ile ingebomolewa haraka.

Kogo alininyooshea fimbo.

"Stoo gani? Ile ni nyumba ya huyu. Muulize yeye."

Bwana yule akanigeukia. Nilikuwa na ndoo ya maziwa mkononi.

"Hapa tunaishi," nikamwambia, nikaingia ndani kuchemsha maziwa.