Sauti ya Dijei Kinywani mwa Mtoto

Uvumilivu wangu uliisha Jumanne jioni, nikisonga ugali. Binti yangu wa miaka minne alipanda kiti, akajifunga taulo kama koti refu, akaninyooshea kijiko: "Mnyonya damu wewe, leo utalala Dandora bila blanketi."

Rafiki yangu, maneno hayo hayako kwenye filamu yoyote ya wanyonya damu; ni ya dijei wa banda la video. Nayajua. Nilikulia Kariobangi, na filamu hizo tuliziona zote katika banda la video la mabati. Dijei alishika maikrofoni akatutafsiria Kiingereza cha Wazungu, na palipopoa akatia maneno yake mwenyewe, kama hayo ya Dandora. Sijasahau mkubwa wao alivyopigwa teke, meno ya bandia yakaruka, akayadaka hewani na kuyarudisha mdomoni. Wala padri aliyejaza maji ya baraka kwenye gari la zimamoto, akawamwagia wakiwa katikati ya disko. Nyundo za mafundi wa jua kali ziligonga nje, viazi karai vya kukaangwa vikanukia, nasi tukacheka huku tumeshikana mikono kwa woga. Kisha nyanya yangu angeingia, atuvute masikio sote, wajukuu wake na wasio wake. "Umelipia kuogopa," alizoea kusema, "nani atakulipia usingizi?"

Sasa mtoto wangu aliyasikia wapi? Mama anayemlea mchana aliniapia kwamba wanaimba nyimbo za kanisa na kulala. Basi mbona sweta ya mtoto inanuka sigara? Mbona ameanza tena kukojoa kitandani?

Kesho yake niliomba ruhusa kiwandani nikaenda moja kwa moja kwenye banda lile lile la video. Dijei ni yule yule, ameota mvi tu. Kwenye benchi la mbele, watoto wote anaoachiwa yule mama, wangu amejifunika macho kwa sweta. Nikambeba wangu; mlezi nilimkuta sokoni akiuza mitumba.

"Mama, si wametulia?" akaniambia. "Na wewe si ulilelewa na hizo video?"

Mimi nililelewa na nyanya. Pale mlangoni pa banda watu wazima wanapita mchana kutwa, na hakuna anayeingia kuvuta sikio la mtu. Siku hizi mtoto wa jirani ni wa jirani.

Nikaandika malalamiko, nikapeleka kwa chifu, nikasimama pale hadi muhuri ukapigwa: "Mlezi huyu huwaacha watoto wetu bandani na watu wasiowajua, kisha anatuambia wamelala. Wangu nimeshamtoa. Naomba wa wenzangu watolewe leo, kabla wazazi hawajarudi kutoka kazini na kudanganywa tena."