Mdhamini wa Aliyemvunja Mkono

Raia wote ni sawa mbele ya sheria, na hawabaguliwi kwa jinsia, asili, rangi, lugha, dini, madhehebu, makazi wala hali yao katika jamii. Ndivyo inavyosema Sheria ya Msingi ya Oman ya mwaka 1996, na Khelef bin Sleyum, dereva wa basi la skuli ya wasichana mjini Ibra, hakuwa na sababu ya kuibishia. Aliisikia redioni akiosha basi. Akaongeza sauti, akaendelea kuosha.

Khelef alizaliwa Unguja, akaja Ibra miaka ya sabini na mama yake na sanduku la bati. Babu yake alikuwa mtu wa kununuliwa, na kwa desturi ya zamani aliyenunuliwa hubeba jina la kabila la aliyemnunua. Kwa hiyo siku ya kuandikishwa uraia, Sheikh Mahrous, mkubwa wa kabila, alimshuhudia kuwa "huyu mtu wetu," na Khelef akapata kadi yenye jina lile lile la mabwana wa babu yake. Mkewe Mabruka husema kadi ile ilibusiwa kuliko yeye.

Mwaka 2002 Khelef alikwenda kwenye msiba wa mzee mmoja wa kabila. Katika sabla, ukumbi wa wanaume, kahawa huanzia juu, kwa watu wakubwa, na watu wa asili ya Khelef hukaa mlangoni, aghlabu wao ndio wanaoimimina. Hakuna aliyepata kuliandika hilo popote. Siku hiyo wageni kutoka Nizwa, wasiojua nani ni nani, walimwona mtu mzima wa ndevu nyeupe na kilemba safi, wakampisha. "Njoo, ami, kaa hapa." Khelef akakaa. Akaletewa kikombe cha kwanza. Akakinywa.

Nje alikuwa akingojwa na bakora. Mwenye bakora ni Muhanna, jirani yake wa nyumba ya tatu, wa kabila hilo hilo, ila yeye wa upande ulionunua.

"Nani kakwambia ukae pale, mtumwa we?"

"Wageni."

"Na miguu yako imesahau njia ya mlangoni?"

Mkono wa kulia ulivunjika mahali pawili.

Mahakama ilimhukumu Muhanna kifungo cha mwaka. Mabruka akakaanga maandazi, akagawa kwa majirani, nyumba ya tatu akairuka. Kisha Muhanna akakata rufaa, akaomba dhamana ili angojee nyumbani mpaka rufaa isikilizwe. Hapo Mabruka akaacha kulala, kwa sababu Muhanna, siku anatolewa kizimbani, alimwambia Khelef kwa upole, kama mtu anayekumbusha ahadi: "Umebaki wa kushoto."

Tamima, binti yao anayesoma Nizwa, alikuja kumsindikiza baba yake kusikiliza ombi la dhamana. Njia nzima alimfundisha la kusema. "Waambie kakutisha, baba. Waambie yuko nyumba ya tatu. Basi, khalas. Usije ukaanzia Unguja."

Khelef hakuulizwa kitu. Hakimu alitazama majina mawili kwenye faili, akaona ni jina moja. Akasema, bila ubaya wowote, kwamba hawa ni watu wa ukoo mmoja, huu ni ugomvi wa nyumbani, mkubwa wao amejitokeza kudhamini, na mahakama haioni hofu ya kumwachia. Tamima alisimama. Askari akamwashiria akae. Akakaa.

Jioni Khelef alikwenda kwa Sheikh Mahrous.

"Shikamoo, sheikh."

"Marahaba. Mkono vipi?"

"Wa kulia unaendelea. Nimekuja kwa ajili ya wa kushoto."

Sheikh alicheka, halafu akaacha. Hakuwa mtu mbaya. Naye kazaliwa Unguja, na hospitali alimpelekea Khelef kapu zima la tende.

"Ningefanyaje, Khelef? Mama yake kaja kalia hapa hapa. Lakini sikudhamini peke yangu. Nimetia saini kwa niaba ya kabila lote."

"Lote?"

"Lote."

"Na mimi nimo?"

Sheikh alimtazama kama mtu aliyetukanwa. "We! Nani kakwambia wewe si mtu wetu?"

Nyumbani Mabruka alikuwa amesimama mlangoni. "Kasemaje?"

"Muhanna akitoroka, na mimi ni wa kumtafuta."

"Na akija hapa?"

Khelef alifikiri. "Basi sitakuwa na haja ya kumtafuta."

Mabruka hakucheka. Aliingia ndani akasogeza kabati nyuma ya mlango.

Alhamisi ya wiki ile kukawa na msiba mwingine wa kabila. Kutokwenda kungekuwa kumsusa maiti, kwa hiyo Khelef alikwenda, mkono ungali kwenye plasta. Muhanna naye alikuwepo, amekaa juu. Khelef alikaa mlangoni. Kwa kuwa hakuweza kushika birika, alipewa kazi ya kupokea vikombe, akasamehewa adabu, avipokee kwa mkono wa kushoto. Cha kwanza kurudi kilikuwa cha Muhanna.