Jiwe Nililolipigania Kipkelion

Bado nina hasira, na ninaandika nikiwa nayo. Nina diploma ya ujenzi kutoka India, niliyojilipia mwenyewe, na hapa Kipkelion hakuna wa kunifundisha bikoni ya mpaka wa shamba ni nini. Niliporudi nyumbani nilimkuta jirani yetu, Mzee Kiprono, akichuma chai upande wetu wa jiwe la saruji lililowekwa zamani, kabla shamba la mzungu halijagawiwa wazee wetu. Nikamwita mwizi sokoni, nikamwita mwizi kanisani. Yeye alijibu tu, "Leta serikali ipime."

Nikaileta. Mpima ardhi alikuja na chifu, nusu ya kijiji ikifuata. Kabla hajakunjua ramani, nikamwambia asijisumbue, chini ya bikoni huwa kuna chuma.

"Chimbeni hapa, huyu mzee aaibike."

Walichimba. Chuma hakikuonekana. Ilitoka mifupa, kisha fuvu lenye meno marefu, na mkanda wa ngozi wenye kengele.

"Hii si bikoni," mpima ardhi alisema. "Ni kaburi la mbwa wa mzungu."

Chifu aligeukia michai ili asicheke mbele yangu. Mzee Kiprono alivua kofia, akanipa mkono.

"Pole kwa msiba, Bwana Diploma."